Uliza Ujibiwe: Jua Likipatwa na Wakati Ukapinda

SWALI: Mhariri mpendwa, pokea salamu zangu kutoka Umoja, hapa Nairobi. Mimi ni kijana wa miaka 26. Mchana nauza katika duka la vifaa vya ujenzi na usiku naandika riwaya ya kifantasia. Hadithi yangu imo katika nchi ya kubuni iitwayo Machweoni, ambayo anga yake ina miezi miwili, Mwezi Mama na Mwezi Mwana. Kila baada ya miaka elfu moja miezi hiyo hujipanga mbele ya jua, jua likapatwa siku nzima, nchi yote ikawa giza na wakati ukapinda: aliyekuwa ndani ya nyumba hadhuriki, lakini aliyekutwa nje huishi kitambo kidogo tu ilhali wenzake wameishi miaka 20. Mhusika wangu mkuu ni mwanamke kijana anayemwacha mtoto mchanga kwa dada yake, akaenda kisimani kuteka maji, giza likamkuta huko. Anaporudi anafunguliwa mlango na mwanamke wa rika lake, kumbe ndiye yule mtoto. Wenzangu tunaosomeana kazi zetu kila Jumamosi wanasema haiaminiki. Mmoja aliniuliza ni vipi paa la makuti limkinge mtu na jambo lenye nguvu ya kupinda wakati, nikakosa jibu. Je, niongeze maelezo ya kisayansi, au niiache tu? Na je, upo ukweli wowote kwamba kupatwa kwa jua kunagusa wakati? – Msomaji wa Umoja.

JIBU: Ndugu msomaji, usiiache. Mlango ule unaofunguliwa na mtoto aliyekwisha kulingana umri na mama yake unatosha kubeba riwaya nzima, na niliposoma barua yako nilisita pale pale nikimfikiria mama huyo amesimama kizingitini na ndoo mkononi. Wenzako hawakuukataa mwujiza wako. Msimulizi akisema "paukwa", msikilizaji huitikia "pakawa", na kwa kuitikia huko humruhusu ajenge jambo moja kubwa ambalo halijapata kuonekana. Lakini ruhusa ni ya jambo hilo moja, na mengine yote yanapaswa kuzaliwa nalo. Wewe umeomba ruhusa mara nne: ya giza la siku nzima, ya giza la nchi nzima, ya wakati unaopinda, na ya paa lenye uwezo wa kuzuia yote hayo. Hapo ndipo rafiki yako aliposhika shati lako, na alikuwa na haki.

Shauri langu ni hili: upinde wakati, lakini kivuli kiache kama kilivyo. Kupatwa kwa jua kwenyewe, hata bila uchawi wowote, kuna tabia tatu ambazo zikiingia katika hadithi yako zitakuandikia nusu ya matukio. Kwanza, ni kwembamba. Kivuli cha mwezi kinapoifikia ardhi huwa na upana usiozidi sana kilomita 270, na mara nyingi huwa chembamba kuliko hapo; aliye ndani ya ukanda huo huona usiku mchana, na aliye nje yake huona jua limemegwa tu. Pili, ni kwa muda mfupi. Kwa ulimwengu wetu giza kamili haliwezi kudumu mahali pamoja zaidi ya dakika saba na nusu hivi, na tarehe 3 Novemba 2013, kivuli kilipopita kaskazini mwa Kenya karibu na Ziwa Turkana wakati wa jioni, giza lilidumu kwa sekunde zisizofika 20. Tatu, kivuli kinakimbia. Hutoka magharibi kwenda mashariki kwa kasi inayozidi kilomita 1,600 kwa saa, kwa hiyo hakuna nchi yenye ukubwa wa kutosha inayofunikwa yote kwa mara moja. Kila kijiji kina zamu yake.

Ukiyakubali hayo matatu, paa la makuti halina kazi tena. Dada hakunusurika kwa sababu alikuwa ndani ya nyumba. Alinusurika kwa sababu nyumba yake ilikuwa nje ya ukingo wa kivuli na kisima kilikuwa ndani yake. Hebu tuchukue ukanda wa kilomita 270, na giza la dakika saba pale katikati yake, kisha tuweke kanuni moja tu ya kubuni, nayo ni kwamba dakika moja ya giza ni miaka 20 ya watu walio nje. Giza halipungui sawasawa kutoka katikati kwenda pembeni. Kivuli ni duara, na kadiri unavyokaribia ukingo ndivyo kipande cha duara kinachokupitia kinavyofupika kwa ghafla. Kwa hesabu hiyo, aliyesimama mita 100 tu ndani ya ukingo atafunikwa kwa sekunde kama 16, na atakuwa amekosa miaka mitano na ushei. Aliyesimama kilomita moja na nusu ndani, ambao ni mwendo wa kwenda kisimani, atafunikwa kwa dakika moja hivi, na huyo ndiye mama yako, na hiyo ndiyo miaka yako 20. Kilomita kumi ndani ni miaka ipatayo 53. Nusu ya njia ya kuelekea katikati ni miaka kama 121, na katikati penyewe ni miaka 140.

Tazama basi kanuni moja ilivyokupa nchi nzima. Watu wa Machweoni hawarudi siku moja. Wanarudi kama maji yanavyokupwa: ukingo hutangulia kuwatoa wake, kisha walio ndani kidogo, kisha walio ndani zaidi, na katikati hubaki na watu wake hadi hapana aliye hai anayekumbuka sura zao. Kutakuwa na familia zinazopiga hesabu za mahali ambapo mtu wao alikuwa amesimama, na mtu akikosea kwa hatua 100 atakuwa amekosea kwa miaka. Yupo mzee ambaye kazi yake ni kupima ardhi kwa kamba kutoka kwenye ukingo na kuwaambia wajukuu, "Bibi yenu atatoka hapa, chini ya mwembe huu, mwaka ambao ninyi mtakuwa na wajukuu wenu." Mimi ningetaka kumsoma mzee huyo, kwa kweli ningemtafutia sura nzima.

Kuna jambo moja utakalolazimika kuliamua, nalo ni nini hasa kinachochukuliwa na kivuli. Ukisema kila kitu, pamoja na miti na ardhi, utabaki na shimo katika nchi. Ukisema miili tu, watu watatoka uchi. Napendekeza kwamba kivuli huchukua chenye pumzi pamoja na alichokivaa au kukishika, na vingine vyote hubaki nje vikichakaa kama kawaida. Mama anapotoka gizani, maji ndani ya ndoo bado yanayumba, na tone moja lililokuwa likiteremka upande wa nje wa ndoo linamalizia kuteremka hadi kidoleni mwake. Lakini kamba ya kisima ambayo ameiachia sasa hivi imeoza na kuanguka, kingo za kisima zimemomonyoka, na mpapai uliokuwa kimo cha goti wakati alipoinama kuteka umekwisha kuzeeka, ukafa, na mwingine umeota mahali pake. Usimwambie msomaji kwamba miaka 20 imepita. Mwache mama aitafute kamba kwa mkono bila kuangalia, kama alivyozoea, na mkono ukose kitu.

Kuhusu miaka elfu moja, hapo nitakupinga moja kwa moja. Jambo linalotokea kila baada ya miaka elfu moja halina shahidi, na lisilo na shahidi watu hawaliogopi, huliimba tu. Adimu maana yake ni mara moja katika umri wa mtu, na mbingu zenyewe zimekwisha kutupa kipimo hicho. Tangu enzi za Babeli wanafalaki walijua kwamba kupatwa kwa mwezi na jua hujirudia baada ya miaka 18, siku 11 na saa nane hivi. Zile saa nane ndizo zinazosumbua: dunia inakuwa imejizungusha theluthi moja zaidi, kwa hiyo kivuli huangukia bara lingine. Lakini mara tatu ya saa nane ni siku kamili, na ndiyo maana baada ya miaka 54 na siku zipatazo 33 kivuli hurudi karibu na upande ule ule wa dunia. Tarehe 30 Juni 1973 kivuli kikubwa kilivuka Afrika kutoka Mauritania, kikapita Mali, Niger, Chad na Sudan, kikaingia kaskazini mwa Kenya na kulifunika Ziwa Turkana. Ongeza miaka 54 na siku 33, utapata tarehe 2 Agosti 2027, na siku hiyo kivuli kitavuka Afrika tena. Lakini safari hii hakitapita Turkana. Kimesogea kaskazini, na giza kamili litapita Morocco, Algeria, Tunisia, Libya na Misri kabla ya kuvuka Bahari ya Shamu kwenda Saudia na Yemen na kugusa ncha ya Somalia.

Chukua vyote viwili, kurudi na kusogea. Machweoni iwe na kivuli kinachorudi kila baada ya miaka 54, ili msichana aliyekiona akiwa na miaka sita awe bibi wa miaka 60 anayejua maana ya upepo ule wa baridi, na kila kinaporudi kiwe kimesogea, ili nyumba ya dada iliyokuwa salama mara ya kwanza iwe ndani ya njia mara ya pili. Kumbuka pia kwamba katika miaka 54 walio katikati ya kivuli cha kwanza watakuwa hawajatoka bado. Binti aliyemfungulia mama mlango ana miaka 20 siku hiyo. Giza la pili litamkuta akiwa na miaka 54, na safari hii pengine ni yeye atakayepotea na mama yake ndiye atakayengoja.

Kama unataka watu wa Machweoni wawe na kalenda yenye ladha yetu, iko tayari. Mabaharia na wakulima wa Pwani walikuwa na mwaka wa jua unaoanzia Nairuzi, yaani siku ya mwaka mpya, wenye siku 365, uliogawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi na kubakiwa na siku tano. Siku hizi tukisema mwongo tunakusudia miaka kumi, lakini mwongo wa mabaharia ulikuwa siku kumi. Mwaka huo haukuongezewa siku kila mwaka wa nne kama tufanyavyo sasa, kwa hiyo kwa hesabu yake kivuli hurudi baada ya miaka 54, miongo minne na siku sita. Sentensi hiyo ukimpa mzee wako wa kamba aitamke polepole mbele ya watu, hutahitaji kueleza kwamba ni mtu wa elimu.

Saa nazo usizipoteze. Sisi huhesabu saa kutoka kuchomoza kwa jua, na saa moja ni saa ya kwanza ya mchana. Wala si desturi ya mdomo tu, kwa maana hapa karibu na mstari wa ikweta jua halitudanganyi sana, mwaka mzima huchomoza na kutua karibu na saa kumi na mbili. Sasa fikiria watu ambao saa yao ni jua lenyewe. Ni saa sita mchana, giza linaingia, kuku wanapanda kulala, baridi inashuka, nyota zinaonekana, kisha baada ya dakika chache nuru inarudi kutoka magharibi na jogoo anawika. Je, hiyo si saa moja ya siku mpya? Waliofunikwa watadai kwamba siku mbili zimepita, wasiofunikwa watasema miaka 20 imepita, na kadhi wa Machweoni atatakiwa kuamua. Deni lililokopwa asubuhi hiyo limeiva au halijaiva? Kodi ya nyumba ya miaka 20 inalipwa na nani, mpangaji ambaye kwake ni mwezi ule ule, au mwenye nyumba aliyeiacha wazi? Mume ambaye hakuwa kisimani alingoja, akaambiwa mkewe amekufa, akaoa. Na kama aliyepotea ni mume, mke wake alikaa eda ya miezi minne na siku kumi, akamaliza, akaolewa, na sasa wa kwanza amerudi akiwa na jasho lile lile la shambani. Ukiyaandika haya kwa makini, hakuna atakayekuuliza habari za paa.

Unaniuliza kama upo ukweli. Kupatwa kwa jua hakupindi wakati, na mwezi wetu ni mwepesi mno kwa kazi hiyo. Kinachopinda wakati ni uzito. Albert Einstein alionyesha mwaka 1915 kwamba karibu na kitu kizito wakati huenda polepole na njia ya nuru hujikunja, na lililokuja kumpa ushahidi wake wa kwanza mkubwa lilikuwa jua lililopatwa, na tena hapa hapa Afrika: tarehe 29 Mei 1919 mwanafalaki Arthur Eddington alipiga picha za nyota zilizoonekana kando ya jua lililofunikwa, akiwa kisiwani Príncipe katika Ghuba ya Guinea, huku wenzake wakifanya vivyo hivyo Sobral nchini Brazil. Nyota zilionekana zimehama kidogo mahali pake, kwa sababu nuru yake ilikuwa imejipinda ilipopita karibu na jua. Hata sasa kila mwendesha bodaboda anayefuata ramani ya simu anategemea jambo hilo. Saa zilizomo katika setilaiti za GPS, kwa sababu ziko mbali na uzito wa dunia, na ingawa mwendo wao huzichelewesha kidogo, hutangulia saa za huku chini kwa maikrosekunde 38 hivi kila siku, na lazima zirekebishwe. Na kwa kuwa Nairobi iko juu ya usawa wa bahari kwa mita zipatazo 1,700, saa kamilifu ikiwekwa hapa itaitangulia ya Mombasa kwa takriban sehemu 16 kati ya bilioni za sekunde kila siku. Ni kidogo mno kuhisiwa, ila ni kweli: ndugu zetu wa Pwani wanazeeka polepole zaidi kuliko sisi kwa chembe hiyo.

Lakini ukweli ninaoupenda zaidi, na ambao ningekuomba uuchukue, unatoka Babeli. Mwaka wa 136 kabla ya Kristo waandishi wa huko waliandika katika vigae vya udongo kwamba jua lilipatwa kikamilifu juu ya mji wao. Wataalamu wa sasa wakirudisha hesabu nyuma kwa kudhani kwamba dunia imekuwa ikijizungusha kwa mwendo wa leo bila kubadilika, kivuli hakiangukii Babeli hata kidogo. Kinaangukia mbali magharibi, katika bahari ya Mediterania. Tofauti hiyo inazidi saa tatu. Si waandishi waliokosea. Ni dunia iliyokuwa ikijizungusha kwa kasi kidogo zaidi zamani hizo, na imekuwa ikipunguza mwendo, hata siku zinarefuka kwa chini ya milisekunde mbili kila karne. Kwa hiyo kigae cha udongo ndicho kilichotuambia kwamba dunia, iliyo saa yetu, imekuwa ikichelewa. Mzee wako wa kamba naye awe na kigae chake.

Na kama unahitaji mtu mbaya, au mtu mwenye huzuni iliyopita kiasi, jifunze kwa ndege ya Concorde. Siku ile ya mwaka 1973 wanasayansi waliruka nayo juu ya Sahara, wakakimbia pamoja na kivuli kuelekea Chad, na wakakaa gizani kwa dakika 74, wakati ambapo aliyesimama ardhini hakuweza kupata hata dakika saba na nusu. Kwa kanuni yetu ya Machweoni, anayekimbia na kivuli kwa dakika 74 atatokea miaka 1,480 baadaye. Nani angefanya hivyo kwa hiari yake, akiwa amepanda mnyama gani, akimkimbia nani? Ukipata jibu la swali hilo umepata kitabu cha pili.

Neno la mwisho kwako ni kuhusu macho. Asubuhi ya tarehe 15 Januari 2010, yapata saa mbili na nusu, jua lilipatwa kipete juu ya Nairobi, likabaki duara la moto lenye tundu jeusi katikati. Nilikuwa nimesimama kando ya barabara karibu na kibanda cha kuuzia mboga, na sikuwa na kioo cha kulitazamia. Mwenye kibanda ndiye aliyeninyoshea kidole chini. Nuru iliyopenya katikati ya majani ya mti ilikuwa imetawanya pete mamia kwa mamia juu ya vumbi, juu ya sukuma wiki zake, na juu ya mkono wake mwenyewe, kila pete ikiwa nyembamba na kamili. Nuru ilikuwa hafifu bila kuwa ya jioni, kwa sababu haikuwa na wekundu. Sikuyaona hayo katika kitabu chochote kabla ya siku hiyo. Mwandishi wa Machweoni asianze na miezi iliyoko juu; aanze na kilichoonekana juu ya mkono wa mama dakika moja kabla ya giza.

SWALI: Mimi ni mwalimu wa Kiswahili katika shule ya upili, Kasarani. Wanafunzi wangu wakiandika insha za kubuni huandika "eklipsi", na nikiwasahihisha waandike "kupatwa kwa jua" huniuliza: limepatwa na nini? Pia nisaidie istilahi za aina zake. – Mwalimu.

JIBU: Swali la wanafunzi wako ni zuri kuliko wanavyodhani, mwalimu. Kitenzi ni kile kile cha kupatwa na maradhi, kupatwa na msiba, kupatwa na baridi, na lugha imeliweka jua katika safu ya wenye kudhurika bila kumtaja mdhuru. Nafasi hiyo iliyoachwa wazi ni hazina kwa mwandishi wa fantasia, kwa kuwa kila nchi ya kubuni inaweza kuijaza kwa namna yake, na jinsi watu wa nchi hiyo wanavyoimalizia sentensi "jua limepatwa na..." ndivyo msomaji atakavyojua wanachokiogopa. Neno "eklipsi" limefungwa pande zote, halina pa kuingilia.

Kuhusu aina, jua likifichwa lote husemwa limepatwa kikamilifu. Likifichwa upande, limepatwa kwa sehemu. Na mwezi ukiwa mbali kidogo na dunia hata ukashindwa kulifunika lote, pakabaki duara la nuru, limepatwa kipete, kama ilivyotokea hapa Nairobi mwaka 2010 na kusini mwa Tanzania tarehe 1 Septemba 2016. Eneo lenye giza kamili huitwa kivuli, na eneo la pembeni ambako jua limemegwa tu ni nusukivuli. Ule mwanga mweupe unaolizunguka jua lililofichwa kikamilifu huitwa taji la jua, na neno hilo wasilibadilishe.

SWALI: Binti yangu wa miaka tisa alisomewa na mjomba wake hadithi ya jua linalopotea pamoja na miaka ya watu. Tangu aliposikia kwamba jua litapatwa mwaka 2027, ananiuliza kila jioni kama siku hiyo nitakuwa kazini, na kama nitarudi nikiwa mzee. Je, hadithi hizi si za kuwaharibu watoto? – Mama, Donholm.

JIBU: Mama, pole, na mpe binti yako pole yangu. Hofu yake haikuletwa na uongo wa hadithi. Imeletwa na jambo la kweli ambalo hadithi imelivalisha nguo, nalo ni kwamba wewe hutoka asubuhi akiwa amelala na kurudi jioni akiwa ametimiza siku nzima ambayo hukuiona. Usimwambie kwamba hayo ni upuuzi. Mjibu swali lake kama lilivyo: kwamba utakuwa wapi siku hiyo, na saa ngapi utakuwa nyumbani.

Kisha mweleze yaliyo ya hakika. Tarehe 2 Agosti 2027 itakuwa Jumatatu. Nairobi haimo katika njia ya giza kamili. Sisi tutaona sehemu tu ya jua imefichwa mchana, na nuru itapungua kidogo. Wakati hautaguswa. Ikiwa ninyi ni Waislamu, msimulie pia kwamba mwaka 632 jua lilipatwa siku aliyofariki Ibrahim, mtoto mchanga wa Mtume Muhammad (S.A.W.), watu wakasema limepatwa kwa ajili ya msiba huo, na Mtume mwenyewe, akiwa na huzuni ya mzazi, akawaambia kwamba jua na mwezi havipatwi kwa kufa wala kwa kuzaliwa kwa mtu yeyote, akawaagiza wasali.

Lililo la hatari kweli ni macho, na hapo nakuomba uwe mkali. Asilitazame jua kwa miwani ya kawaida ya jua, wala kwa kipande cha picha ya eksirei, wala kwa kioo kilichopakwa masizi, wala katika maji ya karai kama tulivyokuwa tukifanya utotoni, kwa sababu jicho huungua bila kuhisi maumivu na huenda lisipone. Yapo miwani maalumu ya kutazamia jua lililopatwa, na usipoyapata, kata kipande cha boksi gumu, toboa katikati yake tundu dogo kwa sindano, mwambie alipe jua mgongo na ashike boksi hilo juu ya bega lake, nuru ipite tunduni na kuangukia karatasi nyeupe mbele yake. Ataona jua dogo lililomegwa, kubwa kidogo kuliko punje ya mtama. Mwekee saa mkononi, ahesabu dakika mwenyewe tangu linapoanza kumegwa hadi linapokamilika tena, aziandike kwenye karatasi ile ile, na utakaporudi jioni akuonyeshe kwamba zote zipo.